Zamu ya Costantine Valence

Tumsifu Yesu Kristo. Asalaam aleikum. Poleni na msiba.

Mimi ni Jovina, dada yake marehemu. Nimeombwa nisome mimi kwa sababu mama hawezi na baba hataki. Kabla sijaanza, tazameni ratiba mlizoshika. Penye mahali pa maziko palichapwa Muleba, mkoa wa Kagera, na pamekatwa kwa kalamu. Si kosa la mchapaji. Mpaka jana mchana ndugu yetu alikuwa anakwenda kuzikwa Muleba. Nitafika huko.

Costantine Valence alizaliwa tarehe 9 Novemba 1986 hapa Kilindoni, Mafia. Alikuwa mtoto wa pili na wa mwisho wa Mzee Valence, tabibu, na Mwalimu Eufrasia. Wazazi wetu walihamishiwa kisiwani mwaka 1984, na waliambiwa ni kwa muda mfupi. Mimi nilikuja nimebebwa mgongoni. Yeye alizaliwa hapa. Baba anasema alitoka tumboni kimya, wakampiga kofi ndipo akalia. Baada ya hapo hakunyamaza tena, na mliomjua mnajua.

Alianza shule ya msingi mwaka 1994. Mwaka 1996 mama alipelekwa kufundisha Utende, tukahamia huko, kwenye Ghuba ya Chole. Hifadhi ya bahari ndiyo kwanza imeanza, na kijana mmoja Mwingereza alikuja kujitolea kuhesabu matumbawe. Jioni akiwa hana la kufanya aliwafundisha watoto kriketi. Alipoondoka aliwaachia ubao wa kupigia. Mpira walisuka wenyewe kwa nyuzi za nyavu kuukuu. Vikabaki kutafutwa vijiti vitatu vya kulenga, na kukata mikoko kulishapigwa marufuku. Basi Costantine na rafiki yake Muhidini wakaenda kung'oa vigingi kwenye shamba la mwani la Bi Mwanahalima, mama yake Muhidini.

Hee! Bi Mwanahalima aliwakimbiza na maji ya magotini. "Mwani wangu unakwenda na maji, nyie mnacheza! Mmelogwa?"

Muhidini alikimbia moja kwa moja mpaka nyumbani. Costantine alirudi, mikono nyuma. "Shikamoo bibi. Tulikuwa tunaazima. Maji yakianza kujaa tunarudisha."

"Marahaba. Mwongo mkubwa wewe, mtoto wa mwalimu." Lakini alimpa vigingi vitatu vya akiba. Costantine alivirudisha siku ile, na kila siku aliyoazima baada ya hapo.

Uwanja wao ulikuwa mchanga ule unaobaki wazi wakati wa bamvua, maji yanapokupwa mbali. Wao wanacheza, akina mama wanafunga mwani pembeni, na mpira ukiangukia kwenye mwani mnajua wenyewe matusi yake. Maji yakirudi, mchezo unasimama. Hapo ndipo watoto walipotunga kanuni yao. Maji yakijaa, anayepiga anabaki na zamu yake. Bamvua lijalo anasimama palepale alipoachia, na mchezo mwingine haufunguliwi mpaka ule ufungwe. Watu wa Utende tumegombana kwa mengi, hifadhi na nyavu na mipaka, lakini kanuni hiyo haijavunjwa na mtu.

Alimaliza kidato cha nne hapa Mafia mwaka 2004, akaenda bara kwa kidato cha tano na sita. Mwaka 2007 alijiunga na jeshi, akawa fundi wa magari katika kambi moja ya Dar es Salaam. Jumamosi akiwa na ruhusa alikuwa anakwenda Upanga kuchezea timu ya kriketi ya mtaani. Hakulipwa, na nauli ilitoka mfukoni mwake. Mechi yake ya kwanza kule alipiga kila mpira kwa nguvu, anakimbia kama anafukuzwa. Nahodha wake akamwita pembeni. "We Kosta, tuna siku nzima. Haraka ya nini?" Akajibu, "Maji yanajaa, nahodha." Walimcheka mwaka mzima, na hadithi hiyo alitusimulia yeye mwenyewe, anacheka kuliko wote.

Tarehe 2 Julai 2011 alifunga ndoa na Tumaini, mwalimu wa chekechea, katika kanisa letu la Kilindoni. Mwaka uliofuata Mungu aliwajalia binti, Careen. Ameketi pale na gauni jeupe. Anadhani ni sherehe, na hatujui tumwambieje.

Tarehe 21 Februari mwaka huu alikuwa nyumbani kwa likizo, kabla ya kwenda Kongo na kikosi cha kulinda amani. Walicheza Utende. Maji yalijaa yeye ndiye anapiga. Aliokota vigingi, akampa Muhidini ule ubao, akasema, "Zamu yangu msimpe mtu." Tangu siku hiyo Utende hawajacheza.

Hapa ndipo huandikwa habari za ugonjwa. Costantine hakuugua. Tarehe 11 Juni 2015, mashariki mwa Kongo, msafara wao ulishambuliwa njiani naye akapigwa risasi. Tumeambiwa alifariki papo hapo. Tumeambiwa hakuteseka. Alikuwa na umri wa miaka ishirini na minane. Mimi sijalia. Watu wananitazama, nami nangoja machozi, hayaji. Nimefua, nimepika, nimepokea wageni. Niwieni radhi.

Mwili ulifika juzi kwa ndege. Alikuja pia baba yetu mkubwa, Mzee Fredy, na uamuzi wa ukoo kwamba mtoto wa kiume hulala kwenye kibanja, shamba la migomba walikolala babu zake. Sisi Wahaya ndivyo tulivyo, na hakuna aliyembishia. Mama alisema mara moja tu, "Mimi namtaka hapa nimwone," akaingia ndani. Mama amezaa Mafia, amezeeka Mafia. Mwanawe akipelekwa Muleba, mama atamtembelea lini?

Jana baada ya sala ya Ijumaa wakaja watu wa Utende, Bi Mwanahalima mbele na vigingi vitatu mkononi. Baba mkubwa aliwapokea kwa heshima. Akasema, "Mama, tunawashukuru sana. Lakini huyu ni wa Muleba. Kule ana kibanja, ana babu zake. Hapa ana nini?"

Bi Mwanahalima akasema, "Ana zamu yake."

"Zamu gani?"

Muhidini akamweleza, mchanga, bamvua, kanuni, mpaka Februari. Baba mkubwa akashika kichwa. "Jamani! Mchezo wa watoto ndio umzuie mtu kwenda kwao?"

Hapo baba akafungua mdomo. Akauliza, "Muhidini, asiporudi, zamu yake mnampa nani?"

"Hapewi mtu, baba. Mchezo ule unabaki wazi. Tutafungua uwanja mwingine, huko ng'ambo ya vichaka."

Baba akamgeukia kaka yake. "Kaka, Muleba wanaomngoja wamekufa. Hapa wanaomngoja ni wazima. Mwacheni."

Baba mkubwa akavua kofia. Kisha akaomba ratiba zote na kalamu, akaketi kwenye mkeka, akakata neno Muleba kwa mkono wake, nakala moja moja mpaka ya mwisho. Baba mkubwa, asante. Na vijana wa Utende mliochimba kaburi hili na saumu zenu, Mungu awalipe.

Marehemu ameacha wazazi, Mzee Valence na Mwalimu Eufrasia, mke, Tumaini, binti, Careen, mimi dada yake, baba mkubwa na ukoo wa Muleba, na Muhidini, ambaye sijui nimwandike wapi, basi nimemwandika hapa.

Vile vigingi vitatu vimelazwa kando ya jeneza. Asubuhi nilimuuliza Bi Mwanahalima tumrudishie lini, maana vilirudishwa siku zote. Akasema, "Hivi asirudishe, mwanangu." Tutavisimamisha kichwani pake, nyuma ya msalaba.

Mungu akupokee, Kosta, upumzike kwa amani. Maji yamejaa tu. Zamu ni yako.