Choroko Zilizoota Juu ya Lori

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Mnivumilie, maana mimi ni mtu wa maneno mengi na leo nina sababu. Mimi ni Mama Upendo wa hapa Mwembesongo. Wengi wenu mmeshanisikia nikigombana na wateja wa mchanga kwenye simu, hata nikiwa nimesimama getini pa kanisa.

Marehemu mume wangu aliniachia malori mawili ya kubebea mchanga. Hayo ndiyo shamba langu. Watoto wanasoma kwa malori hayo, na dereva wangu Shomari analisha familia yake kwa hayo hayo. Mchanga tunachimba kwenye shimo la Mzee Mkude, huku chini ya mlima, na kibali tunacho. Wa mtoni hatugusi, umekatazwa.

Sasa sikilizeni. Mchanga mkavu ukipita nao lami unapeperuka, unawaingia machoni watu wa bodaboda. Kwa hiyo madereva wetu wana kawaida ya kusimama darajani, wanachota maji mtoni na kuumwagia. Siku hiyo Shomari na mwenzake wakafanya hivyo hivyo. Doria ya maafisa wanaolinda mto ikawakuta pale pale, ndoo mkononi, malori yanachuruzika maji. Nani angewaamini? Malori yakapelekwa yadi na mizigo yake. Tukaambiwa tumeiba mchanga wa mto, na tukikutwa na hatia malori yanataifishwa.

Ndugu zangu, nililia. Nililia mpaka binti yangu Upendo akafunga madirisha majirani wasisikie. Nilikwenda ofisini kwao mpaka mlinzi akawa ananiwekea kiti akiniona kwa mbali. Afisa mwenyewe alikuwa kijana mstaarabu tu. Akaniambia, "Mama, kibali chako ni cha shimo. Mimi mchanga nimeukuta mtoni, unavuja maji. Utanithibitishiaje?" Nikamsukumia tena kibali, akanirudishia. Mimi, na mdomo huu wote, nikakunja karatasi yangu nikarudi nyumbani.

Watu wakanishauri mengi. Mmoja akanielekeza kwa mganga fulani Turiani, eti anamaliza kesi kwa kuku mweusi. Nikamwambia kuku kwangu ni mboga. Nikaingia kwenye maombi ya kufunga. Shomari, ambaye ni Mwislamu, naye akafunga kwa imani yake, tukawa tunakutana pale yadi wote midomo imekauka.

Na ombi langu nililipanga mwenyewe. Bwana, zuia mvua! Niliona mvua ikinyesha mchanga utaoshwa, malori yataota kutu, na mimi nitabaki sina hata cha kumwonyesha mtu. Basi, ndugu zangu, mvua ikanyesha. Ilishuka kutoka Uluguru siku baada ya siku, hata mlima tukawa hatuuoni. Nilikasirika kweli. Nikamuuliza Mungu, hivi wewe na mimi tunasikilizana?

Ilipokatika, Shomari akanipigia simu kutoka yadi. "Mama, njoo uone, juu ya mzigo pameota." Nikadhani ni majani. Nikakanyaga tairi na gauni langu hili hili, nikachungulia. Zilikuwa choroko. Zimejaa upande mmoja wa lori, kijani kibichi, na kwenye lori la pili vile vile.

Mzee Mkude alikuwa amelima choroko pale tulipochimba, nyingi zikapasuka na kumwagika kabla hajavuna. Na vijana wa koleo siku hiyo walifanya uvivu. Hawakuondoa udongo wa juu, wakaupakia pamoja na mchanga. Siku nyingine ningewafokea hadi wanikimbie, na mteja angerudisha mzigo. Lakini Mungu alikuwa ameshaweka jibu langu ndani ya ule uvivu, na mvua niliyoikataa ndiyo iliyolifufua.

Afisa naye akapanda. Akang'oa mche mmoja, akaugeuza geuza. "Mama, mtoni hakulimwi choroko," akasema. Hata hivyo akataka aone kwa macho yake, tukaenda naye hadi shimoni. Akamwamkia Mzee Mkude, shikamoo, marahaba, kisha mzee akamwonyesha ukingo wa shimo. Choroko zile zile, saizi ile ile, zimeota zenyewe. Kijana wa watu akacheka hadi akavua kofia. Kesho yake malori yakaachiwa, na Shomari na mwenzake wakayatoa getini wakipiga honi kama harusi.

Ile miche niliihamishia nyuma ya nyumba yangu, ikazaa. Hizi hapa kwenye beseni. Mkitoka, kila mtu achukue konzi moja akapande. Na kama kuna kitu chako kimeshikiliwa mahali, mwombe Mungu akitoe, mlilie, mwamini. Ila mvua mwachie mwenyewe. Ahsanteni, na jina lake lisifiwe.