Kopo Lile Lile, Oili Nyingine

Bwana asifiwe! Aa, ndugu zangu, hiyo ndiyo sauti ya watu waliokunywa chai? Bwana asifiwe sana!

Kwa wasionifahamu, mimi ni Elia, fundi kutoka Moshi. Nilipofika huku ughaibuni, hapa Rexdale, nilipakia maboksi ghalani, karibu na uwanja wa ndege. Mikono hii iliyozoea spana ikawa ya kubandika lebo! Nikamlilia Mungu, naye akanipa kazi kwa Mzee Carlo, Mwitaliano mwenye gereji ya magari ya zamani ya Kimarekani. Yale ya miaka ya sitini, ndugu zangu! Injini ya silinda nane, ukiiwasha hadi kifua kinatetemeka. Nilikuwa nakwenda kazini naimba.

Kisha shida ikaingia. Injini ile ukishaifunga upya, siku ya kuiwasha mara ya kwanza huiachi ingurume polepole. Unaikanyagia moto papo hapo, mpaka kamshafti, yaani ule mhimili unaosukuma valvu, uzoeane na vyuma unavyovigusa. Hivyo ndivyo nilivyofanya siku zote. Ghafla, injini baada ya injini, nasikia tak, tak, tak. Nikifungua, kamshafti imelika kama sabuni. Mpya kabisa! Nikapima, nikapima tena, nikabadilisha vipuri. Wapi!

Watu nao hawakosi la kusema. "Fundi, hapo kuna mkono wa mtu." Wazee wetu wa maombi walikuja gereji na mafuta ya upako, wakaipaka injini, Mzee Carlo akiwatazama mdomo wazi. Nayo ikafa! Carlo akaniambia, "Elia, nakupenda, lakini wateja wanakimbia. Nakupa injini moja ya mwisho." Nikajua maboksi yananiita.

Jumapili ile nilijikokota tu kuja hapa. Ibada imekwisha, nimesimama jikoni hapo chini nasubiri chapati, mara namsikia Mama Rehema anafoka: "Kopo ni lile lile, lakini haya mafuta wameyabadilisha! Tazama chapati zinavyoshika!"

Ndugu zangu, nilipiga kelele "Haleluya!" mpaka sahani ikanitoka mkononi. Mama Rehema akadhani namcheka, akaninyooshea mwiko. Mimi huyoo, nje!

Kesho yake nikawapigia simu watengenezaji wa oili ya injini, nikauliza kama nao wameibadilisha. Kumbe ni kweli! Walikuwa wamepunguza zinki, kwa kuwa magari mapya hayaihitaji sana. Lakini kamshafti zangu za kizamani bila zinki zinasagika. Na kopo halijabadilika hata rangi! Nikatafuta dawa ya zinki, nikachanganya, nikaomba, nikawasha. Nikakanyaga. Carlo kafumba macho. Tukangoja ile tak. Haikuja! Injini ikaimba mpaka mwisho, nami nikacheza na ovaroli langu, Carlo akanibusu mashavu yote mawili. Sijarudi kwenye maboksi mpaka leo. Asante, Yesu!

Hapakuwa na mkono wa mtu, wapendwa. Palikuwa na mkono wa Bwana, umeshika mwiko wa chapati. Wewe uliyeambiwa umerogwa, acha kumsaka mchawi. Mwite Mungu, halafu tega sikio, maana hujui atakujibu kwa kinywa cha nani.

Gari lenyewe liko hapo nje, mwenyewe kaniruhusu nije nalo. Njooni mlisikie! Mama Rehema, kiti cha mbele ni chako. Weka mwiko chini, mama, twende.