Jaribio la Kelly kwenye simu

Ndani ya teksi ya abiria wengi ya Turffontein, mama mmoja msusi aliyeketi mbele yangu alimlalamikia jirani yake, mwalimu mwenye madaftari mapajani. "Eish, papa, lile jaribio la intaneti nilimfanyia mwanangu Kelly mimi mwenyewe, apate alama nzuri. Nikapata tatu kwa kumi! Sasa wanamhamishia kundi la wanaochelewa kusoma."

"Mwambie mwalimu wake ukweli, mama."

"Niseme mjinga ni mimi?" Mimi kiti cha nyuma nilitazama dirishani, ila masikio niliyaacha kwao. Mama akaendelea: "Na Kelly jana kanikalisha mezani, kanifundisha maswali yote kumi."

"Basi kundi limeshapata mwanafunzi," mwalimu alicheka.

"Dereva, baada ya robot, pale shuleni!" mama aliita, akionyesha taa za barabarani. Alishuka, akakaza kilemba, kisha akarudi dirishani. "Papa, nikisema simu ndiyo iliyokosea?"