Mkaaji wa Nne wa Marehemu Phares Ochola

KUHUSU MKAAJI WA NNE ASIYEHESABIWA, CHUMBA NAMBA 17, MAKONGENI. Hivyo ndivyo lilivyoandikwa jalada la marehemu katika ofisi ya mtaa, nalo bado liko wazi, na mjane wake Truphena na binti yake Benta wamepewa hadi mwisho wa mwezi wamtoe mkaaji huyo au watoke wao. Kwa sababu hiyo maneno haya yalisomwa kwanza na wenye mamlaka, yakapigwa muhuri, na askari wawili tunao hapa nyuma, karibuni viti, wazee, msibani hatusimamishi mtu.

Marehemu alizaliwa tarehe 12 Machi 1914 huko Seme, Nyanza ya Kati, mimi mdogo wake Caleb nikimfuata kwa miaka saba, akasoma shule ya misheni kuanzia 1924 hadi 1931, na mwaka 1932 akaajiriwa na reli, karani wa bohari, ambako alijifunza kwamba kitu kisichoandikwa kwenye orodha ni kitu kilichoibwa, na somo hilo, kwa bahati mbaya, hakulisahau.

Mwaka 1940 aliingia jeshini, 1942 akapelekwa Bukini, kisiwa ambacho ramani hukiita Madagaska, na Januari 1944 akarudi na kinda la ndege ndani ya kofia, ndege wa msitu wa kule, mgongo wa kahawia, kifua cheupe chenye madoa, mwenye mabawa mazuri asiyoyatumia, maana hushinda chini akipekua majani makavu, na akitishwa haruki, hukaa tuli kama kigogo mpaka hatari ipite. Maofisa wa kikosi hawakumjua jina, nasi kwa mwendo wake tukamwita Sajini.

Alifunga ndoa na Truphena tarehe 18 Agosti 1945, wakajaliwa Benta tarehe 2 Novemba 1947, na Sajini akaishi nao chumbani, akila mende, kazi ambayo ofisi ya mtaa haijaiweza hadi leo.

Machi 1954, katikati ya hali ya hatari, ilitoka amri kila mlango ubandikwe majina ya wote wanaolala ndani, na Phares akaandika kama karani wa bohari, yeye, mkewe, bintiye, na wa nne, Sajini, mzaliwa wa Bukini, nikamwambia, "Kaka, futa hilo, hawa watu siku hizi hawana mchezo," akacheka, "Wakisikia pumzi ya nne humu, wewe Caleb utawaambia nini?"

Alfajiri ya Jumamosi, tarehe 24 Aprili, malori yaliuzingira mtaa, askari wakasoma wanne, wakahesabu watatu, "Sajini yuko wapi?", kaka akajibu, "Chini ya kitanda, bwana, ni ndege," akapigwa kofi, wakachungulia, wakaona magunia ya makaa tu, kwa kuwa Sajini alikuwa amekaa tuli katikati yake, na kaka akapandishwa lori kwa kosa la kumficha mtu.

Alirudi tarehe 10 Julai na kikohozi, na wazo moja, ampeleke Sajini ofisini, amweke mezani, jalada lifungwe. Tukamwambia ametoroka. Tangu hapo, kila asubuhi kafyu ikiisha, alitembea kando ya reli hadi mtoni, kwenye baridi, akimwita kwa mluzi, na majirani wakafunga madirisha, maana siku zile mluzi tu ulitosha kumpeleka mtu kizuizini. Kikohozi kikawa homa ya mapafu, akalazwa tarehe 28 Juni 1955, akafariki tarehe 19 Julai, akiwa na miaka arobaini na mmoja.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, makarani wenzake wa bohari, na majirani waliothubutu kuja, tukijua kwamba kuonekana hapa leo si jambo dogo. Kaka, lala salama.

Yanayofuata hayamo katika nakala yenye muhuri. Sajini hakutoroka. Lori lilipoondoka nilikimbilia kwao kutoka chumba cha jirani, naye akatoka chini ya kitanda, tukaogopa watarudi wamkute, watuchukue nasi, mimi nikamchinja, shemeji akampika, tukamla sote watatu kabla ya saa mbili asubuhi.