Lukasi Hilario na Wimbo Uliomshinda Kuuimba

Ndugu yetu mpendwa Lukasi Hilario alizaliwa tarehe 18 Oktoba 1922 huko Maneromango, wilayani Kisarawe, akiwa mtoto wa kwanza wa marehemu Mzee Hilario na mama yetu Benedikta. Ilikuwa sikukuu ya Mwinjili Luka, kwa hiyo jina halikutafutwa mbali.

Alisoma shule ya misheni kuanzia mwaka 1931 hadi 1937. Huko alijifunza useremala na kupiga tarumbeta. Mama husimulia kwamba msimu mmoja alimtuma kuamia mpunga, akamkuta juu ya dungu, jukwaa la kulindia shamba, anaimba huku ndege wakila. Alipogombezwa, alijibu kwa adabu kwamba alidhani wanamsikiliza.

Mwaka 1938 alianza kazi ya useremala. Madawati mengi ya shule za hapa ni kazi ya mikono yake, na hata gitaa lake la kwanza alilitengeneza mwenyewe kwa mbao za masanduku ya chai. Mwaka 1945 aliunda bendi na rafiki zake watatu: Kondo wa fidla, Isihaka wa besi na Mwishehe wa ngoma. Walijiita Mzenga Jazz kwa sababu dansi yao ya kwanza waliipiga Mzenga, ingawa hakuna hata mmoja aliyezaliwa huko.

Tarehe 6 Septemba 1947 alifunga ndoa na Matilda, binti wa Mbwawa. Mungu aliwajalia mtoto mmoja, Ursula, aliyezaliwa mwaka 1949. Kila jioni Matilda alimbembeleza kwa wimbo alioutunga mwenyewe, na marehemu alikuwa akiufuata taratibu kwa gitaa.

Pasaka ya mwaka 1952, bendi ilialikwa kupiga dansi Kibaha. Marehemu aliondoka mtoto akiwa mzima. Homa ilimshika Ursula nyuma yake, na habari zilipomfikia alirudi mbio, akakuta kaburi limekwisha kufukiwa. Matilda alimwambia neno moja tu: "Baki na gitaa lako." Akarudi kwao Mbwawa. Marehemu hakumlaumu hata siku moja, wala hakuruhusu mtu mwingine amlaumu.

Mwaka 1953 kampuni moja ya santuri iliwaita Dar es Salaam. Waliimba katika chumba kilichotundikwa mablanketi ukutani, wote wanne wakizunguka maikrofoni moja. Hizo ndizo santuri zao za kwanza, nne katika jalada moja. Wimbo wa mwisho ulikuwa ule wa Ursula. Kondo ametueleza kwamba marehemu alifungua kinywa mara tatu na sauti haikutoka. Ndipo Kondo akamwambia, "Usiimbe. Piga tu, sisi tuko nyuma yako." Wengi mmeuliza kwa nini wimbo ule hauna maneno. Sababu ni hiyo.

Mwanzoni mwa mwaka 1954 marehemu alianza kuugua kifua. Alilazwa hospitali, kisha akarudishwa nyumbani. Mwezi Oktoba, mvua za vuli zikianza, Matilda aliingia dukani kwa Mwinyimadi kule Mbwawa kununua sukari, akakuta santuri ile ya wimbo wa Ursula inapigwa. Aliomba irudiwe. Ilipokwisha alitoka, akaiacha sukari mezani, akapanda lori la kwanza alilolipata kuja Kisarawe.

Mimi mdogo wake nilikuwapo alipofika. Alimwamkia mama shikamoo, kisha akapiga magoti kando ya mkeka aliolalia marehemu.

"Nimeusikia, Baba Ursula."

"Maneno yalinishinda," marehemu alimjibu.

"Maneno ninayo mimi."

Akamwimbia pale pale, wimbo mzima. Tangu siku ile alimwogesha, alimlisha uji na kumshika kila kikohozi kilipombana. Tulianza kuamini kwamba angepona. Lakini alfajiri ya tarehe 2 Desemba 1954, kabla ya vuli kwisha, Lukasi alikata roho mikononi mwa mkewe, akiwa na umri wa miaka thelathini na miwili.

Ameacha mama yetu Benedikta, ambaye hakupaswa kumzika mwanawe, dada yetu Veronika, mimi mdogo wake Alfonce, pamoja na Kondo, Isihaka na Mwishehe, ambao kwetu ni ndugu. Ameacha mjane wake Matilda, aliyerudishiwa mume kwa vuli moja tu.

Pumzika, kaka. Kifua hakitakuuma tena, na Mungu akupe amani tuliyoshindwa kukupa sisi.