Rehani Aliyekaa Kinyume

Benchi la Hamidi muuza kahawa liko nyuma ya stesheni ya Dodoma, na sisi tunaolikalia ni mabaki tu. Sote, Hamidi naye, tulikuwa wapagazi. Tangu Wadachi walete treni ni wachache wanaotuhitaji, basi tunakunywa kahawa na kubishana. Mimi njia naiota mpaka leo, jamani, sifichi: vumbi lake, nyimbo zake, hata malengelenge yake nayatamani. Jioni hiyo tulikuwa tunabishania kifo cha mwenzetu Rehani, miezi minne na ushei imepita. Mdachi mpima ardhi alimpakia nyuma ya pikipiki, ile baiskeli yake ya moto, waende Kondoa, wapagazi wafuate kwa miguu. Rehani akakaa kinyume, uso nyuma. Penye korongo pikipiki ikaruka, akadondoka, shingo ikavunjika. Bomani, kwa serikali ya Wadachi, wakaamua: nusu ya kosa ni ya Mdachi kwa kukimbiza, nusu ni ya Rehani kwa kukaa kijinga. Kwa hiyo fidia nayo nusu.

— Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, alianza Silvano. Huyu anafagia baraza la boma, ndiyo maana tunamwita Hakimu.

— Guu gani? Kavunjika shingo! alidakia Matonya, Mgogo wa Ipagala, ambaye kila jambo hulipima kwa ng'ombe.

— Shingo na guu ni ndugu. Sikiliza sheria. Anayetazama mbele anakwenda Kondoa. Anayetazama nyuma anarudi Dodoma. Safari mbili, chombo kimoja! Lazima mmoja aanguke.

— Kwetu ukimpandisha mtu punda wako, huyo mgeni wako. Akianguka unalipa ng'ombe wote, hata kama alikaa miguu juu kichwa chini.

— Ninyi hamjui kitu, alisema Hamidi akimimina. Kosa ni la upepo. Mtu akiukabili, anaumeza, unaisha. Sasa mgongo utamezaje upepo?

— Mpanda ngazi hushuka, alisema Hakimu.

— Ngazi imetoka wapi tena, we bwana?

Tulicheka mpaka Matonya akamwaga kahawa yake. Mimi nikaweka kikombe changu chini.

— Lakini mnajua kwa nini alikaa vile, nilisema.

Nani asiyejua? Miaka ishirini Rehani alishika mkia wa msafara. Sisi tulitazama mbele, maji yako wapi, kambi iko wapi. Yeye alitazama nyuma: nani kachoka, nani kakaa chini, nani hayupo. Siku ile ya pikipiki, walioachwa nyuma kwa miguu walikuwa watu wake.

— Mimi aliniokota kwenye nyika ya Mgunda Mkali, nilisema. Nina homa, mzigo nimeutupa. Alinibeba siku mbili.

— Mimi alinipa maji yake ya mwisho, alisema Hakimu, safari hii bila methali.

— Ningeisikia tena sauti yake kule nyuma, alisema Hamidi. "Twende, ndugu zangu, nipo!" Wallahi ningeacha birika hili hapa hapa.

Tukawa kila mtu na njia yake kichwani.

— Hodi, shemeji zangu.

Alikuwa Mwanamvua, mjane wa Rehani. Katoka eda wiki hiyo hiyo. Alisimama pembeni, hakutaka kukaa.

— Karibu, shemeji. Pole.

— Nimeshapoa. Kesho naitwa bomani nitie dole gumba kwenye karatasi yao. Nikitia, nimekubali kwamba mume wangu alikufa kwa ujinga. Wanangu wataambiwa hivyo maisha yao yote. Nimewaambia sitii. Wamesema basi nilete mtu aliyesafiri naye, aeleze kwa nini alikaa vile, la sivyo hiyo nusu nayo naikosa.

— Haki yako kabisa! alisema Hakimu.

— Kabisa! alisema Matonya.

— Usiku nikijigeuza bado nampapasa, shemeji zangu. Fidia hainirudishii mtu. Nataka tu asemwe alivyokuwa.

Alitutazama mmoja mmoja. Sote tunalijua boma lile, na kiboko kinachoning'inia mlangoni, na anavyochapwa mtu akimpinga Mdachi.

— Sasa kesho asubuhi, aliuliza, nani atakwenda na mimi?

Hamidi aliinama akachochea makaa. Hakimu akatazama reli. Matonya akafuta kahawa iliyokwisha kukauka gotini. Mimi kikombe changu kilikuwa kitupu, nikakipeleka mdomoni, nikajifanya nakunywa.