Eliamma Varkey na Kivuli cha Saa Tisa

Mama yetu Eliamma alizaliwa tarehe 14 Juni 1941, mvua kubwa ikinyesha, katika nyumba ya baba yake, mzee Chacko, kando ya mto Meenachil. Mkunga alivushwa kwa mtumbwi, kajifunika jani la mgomba, na pengine ndiyo sababu mama aliota maji maisha yake yote.

Alisoma shule ya parokia hadi darasa la saba, 1954, akaachishwa ili ada imsubiri mdogo wake, Pothen. Hakununa. Pothen alipoanza shule, ni yeye aliyembeba mgongoni, mvua au jua.

Tarehe 5 Februari 1962 alifunga ndoa na marehemu Varkey, mgema utomvu wa miti ya mpira. Kwa miaka mingi waligandisha utomvu na kuuanika pamoja, na Jumapili mama alifundisha watoto katekisimu.

Wiki ile ya harusi, saa tisa alasiri, baba yake alimketisha chini ya mfenesi wa mpakani. "Mwanangu, mti huu na ardhi yote iliyo kwenye kivuli chake ni yako." Pothen alikuwepo, anachezea kokwa za fenesi. Karatasi haikuandikwa. Baba akishasema, nani anadai karatasi?

Mwaka 1994 Pothen, aliyerithi shamba la baba na kubaki jirani yetu, aliuzungushia mfenesi ua, na mama akaenda mahakamani. Wakili wa upande wa pili alimuuliza, "Kivuli cha saa ngapi, mama?" Watu wakaangua kicheko.

"Cha saa tisa. Au wewe ulitaka cha usiku?"

Pothen alipoulizwa, alisema hakumbuki. Hakimu akaandika kwamba ushahidi wa mama hauaminiki, na mahakama ya rufaa ikakubaliana naye. Kupoteza ardhi mama alivumilia. Neno lile, "hauaminiki", lilimkosesha raha.

Akakata rufaa ya pili. Kwa miaka aliota jaji wa Mahakama Kuu akivua miwani na kumwambia, "Haya, mama, anza mwanzo." Siku ilipofika, mwaka 2009, alivaa nguo zake nyeupe za kanisani akapanda basi hadi Ernakulam, kwenye Mahakama Kuu. Wakili wake, bwana Paulose, alimpokea kwenye ngazi.

"Mama, huku hawasikilizi ushahidi tena. Nani mkweli, nani mwongo, mahakama mbili zimeshamaliza. Hawa wanataka swali la sheria tu."

"Sasa ukweli, mwanangu, unaulizwa ghorofa ya ngapi?"

Rufaa ilitupwa kabla mwavuli wa mama haujakauka.

Tangu hapo hakuonja fenesi, hata la sokoni. Na Pothen waliongea kwa kupitia kuku tu: "We kuku, kamwambie tajiri wa mafenesi kwamba mafenesi yake yanaoza!" Na kutoka ng'ambo ya ua: "We kuku, mwambie mwenyewe aje ayaokote!" Mama hakwenda.

Mafuriko ya Agosti mwaka jana yaliuangusha mfenesi. Mama alikuwa kitandani tayari, moyo umechoka. Aliposikia msumeno kwa Pothen aliuliza, "Anapasua nini?" Tukamwambia, mbao. Akafumba macho, akasema harufu yake inaingia hadi ndotoni. Sisi tulidhani Pothen anazikausha auze, maana mbao za mfenesi ni ghali.

Mama alituacha alfajiri ya Jumapili, tarehe 3 Machi 2019. Jana Pothen alikuja na mkokoteni. Jeneza hili la manjano mnaloliona ameliranda kwa mikono yake. Tulipomuuliza gharama alitukemea: "Gharama gani? Mti ni wa dada. Baba alimpa, saa tisa, nami nilikuwepo." Kisha akalia kwa sauti, mbele ya watu wote, na kuku wakakimbia.

Marehemu ameacha watoto wawili, Leelamma na Kurian, wajukuu watano, na mdogo wake, Pothen, ambaye amekumbuka.

Lala kwa amani, mama yetu, ndani ya kivuli chako.